Kwa mwanangu, kabla hujashuka Shimo la Mungu

Mwanangu Zuhura,

Salamu nyingi kutoka Newala. Sisi wazima, shangazi yako naye kapata nafuu.

Umesema wewe na wenzako wa chuo mtashuka Shimo la Mungu, hili bonde la kina kirefu hapa kwetu Newala, kwa miguu, kesho yake muende Masasi kupanda majabali. Karibuni sana. Ila hiyo kesho yake ndiyo inayonitia wasiwasi.

Kupanda hukata pumzi, mtu husimama mwenyewe. Kushuka ndiko kunakodanganya. Pumzi unayo, soga mnapiga, kumbe kila hatua msuli wa paja unavutwa huku umekaza, unazuia mwili na begi visiporomoke. Nyuzi zake zinachanika kidogo kidogo na huhisi kitu. Maumivu hupamba moto siku ya pili au ya tatu, ndipo ninyi mtakuwa juu ya jabali, magoti yanatetemeka. Kuteleza hapo ni dakika moja. Pumzikeni kwanza hapa nyumbani siku mbili tatu, chakula kipo.

Tena huku kwetu ukifika chini hujamaliza, kupanda kunakungoja na jua liko utosini. Marehemu bibi yako alishuka ukingo huu kuchota maji, enzi hizo huku juu bomba halijafika. Walitoka alfajiri, wakienda kwa hatua fupi, goti limekunjwa kidogo. Nao walizoea tangu utotoni. Ninyi mnatoka kukaa darasani.

Msitegemee maji matupu, jasho huondoka na chumvi. Kwenye lita 1 ya maji safi tia vijiko vya chai 6 vya sukari na nusu kijiko cha chumvi, usijaze kilima. Mwenzenu akianza kuongea ovyo au kupepesuka, mlazeni kivulini, mmwagieni maji mwili mzima, mpepeeni, mtafute usafiri wa hospitali hapo hapo.

Na hili usione haya kulisema: ukikojoa mkojo mweusi kama chai ya rangi, msuli umeharibika vibaya na taka zake zinaziumiza figo. Usimeze diklofenaki, ile dawa ya maumivu, nayo huzidi kuziumiza figo. Niamshe hata usiku wa manane twende hospitali.

Raba zako za zamani nimeshazifua, mpya zitakuchubua. Nijulishe mko wangapi, nimwambie mjomba wako awatafutie kijana anayeijua njia.

Mama yako