Umiliki wa ardhi uamuliwe na Mahakama ya Mwanzo

Mhariri,

Habari yenu kuhusu wananchi wanaolalamikia mabaraza ya ardhi imenifanya nishike kalamu, baada ya miaka mingi ya kusoma gazeti hili na kunyamaza. Mwandishi wenu aliishia kwenye kuchelewa kwa mashauri. Mbona hakuuliza kwa nini mtu anahangaika kutafuta hata pa kulifungua shauri lenyewe?

Marehemu baba alituachia shamba la michungwa. Mahakama ya Mwanzo ikamteua dada yangu kuwa msimamizi wa mirathi, na hakuna aliyepinga. Alipoanza kuorodhesha mali, jirani akaibuka na karatasi, anadai baba alimuuzia nusu ya shamba. Hakimu akatuambia wazi kwamba hana mamlaka ya kuamua shamba ni la nani. Hakukosea. Kifungu cha 4 cha Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya mwaka 2002 kinazizuia mahakama za mahakimu kusikiliza migogoro ya ardhi. Tukaenda Baraza la Kata, ambalo tangu marekebisho ya mwaka 2021 haliamui tena bali linapatanisha tu, na limepewa siku 30 za kufanya hivyo. Jirani hakutokea hata mara moja. Tukaenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Huko walipoona neno mirathi kwenye maombi yetu, wakayatupilia mbali na kutuambia turudi mahakamani tulikotoka, kwa hakimu yuleyule aliyekwisha kusema hana mamlaka! Ada tulizolipa hazikurudi. Na muda wote huo jirani anachuma machungwa, malori yanapakia mchana kweupe, na mama yetu mjane anaambiwa asiguse hata tunda moja kwa sababu eneo lina mgogoro. Eneo lina mgogoro kwake tu, kwa mwenye karatasi halina?

Karatasi yenyewe ina muhuri wa ofisi ya kijiji. Hili nalo liandikeni. Kiongozi anagonga muhuri kwenye mauziano bila kumuita hata jirani mmoja wa kuonyesha mpaka, anachukua chake, na shauri likianza anasema hakumbuki. Mke wa muuzaji haulizwi. Watoto hawaulizwi. Nusu ya migogoro hii imezaliwa kwenye meza hizo.

Sheria hiyo ya 2002 ilimpa Waziri wa Ardhi kazi ya kuteua mwenyekiti wa baraza la wilaya, kwa kipindi cha miaka 3. Wizara hiyohiyo ndiyo yenye kazi ya upimaji na utoaji wa hati. Mtu anayedai hati ya mwenzake ilitolewa kimakosa atakuwaje na imani na baraza la namna hiyo? Ardhi ikizidi thamani ya shilingi milioni 300, baraza halina uwezo, unakwenda Mahakama Kuu. Ukitaka kuishtaki halmashauri iliyogawa kiwanja kimoja kwa watu wawili, tangu mwaka 2020 sheria inataka utoe notisi ya siku 90, umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali kwenye shauri, na uende Mahakama Kuu vilevile. Mkulima wa ekari tatu atayajulia wapi haya yote? Na wapo walioshinda barazani, kisha Mahakama ya Rufani ikafuta kila kitu kwa sababu maoni ya wazee wa baraza, wale wanaokaa na mwenyekiti kusikiliza shauri, hayakusomwa mbele ya wadaawa, yaani pande zinazobishana.

Bunge likifute kifungu cha 4. Hakimu anayeaminiwa kusimamia mirathi aaminiwe pia kuamua umiliki wa shamba lisilo na hati, na kikao cha kwanza kifanyike shambani penyewe, majirani wa pande zote nne wakiwa wamesimama mpakani. Chombo kikijiona hakina mamlaka, karani wake alipeleke jalada panapohusika ndani ya siku 7, na ada iliyokwisha kulipwa itambuliwe huko. Mazao ya shamba lenye mgogoro yauzwe chini ya usimamizi wa mahakama, fedha ziwekwe kwenye akaunti ya mahakama, na asilipwe yeyote hadi hukumu itoke.

Msomaji wenu,
Tanga