Aliyepoteza pasipoti asirudishwe mwanzo kama asiyejulikana

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua ili nizungumzie jambo ambalo wengi hawalipi uzito mpaka siku linapowafika, nalo ni gharama na utaratibu wa kupata pasipoti nyingine baada ya ile ya kwanza kupotea au kuibiwa. Ninaendesha duka la uchapaji na kompyuta mjini Kasese, magharibi mwa Uganda, ambako watu huja kusaidiwa kujaza maombi yao mtandaoni, na kwa miaka kadhaa nimewaona waombaji wapya na waliopoteza wakikalia kiti kilekile na kuulizwa maswali yaleyale, ingawa hali zao hazifanani hata kidogo. Hoja yangu ni moja: Mganda ambaye serikali imekwisha kumpiga picha, kuchukua alama za vidole vyake, kumchunguza na kumkabidhi pasipoti, anapoipoteza hapaswi kurudishwa mwanzo wa njia kana kwamba hajulikani.

Nianze na fedha, maana ndizo zinazowatoa watu machozi dukani kwangu. Ada ya pasipoti ya kawaida ni shilingi 250,000, na anayetaka kuharakishiwa huongeza 150,000, jumla ikawa 400,000. Kwa mwalimu wa shule ya msingi, ambaye mshahara wake wa mwezi haufiki laki tano, ile ada ya kawaida peke yake ni nusu ya mshahara. Wala hapo hajafika mwisho. Mwenye kuporwa mkoba kwa kawaida hupoteza kitambulisho cha taifa pamoja na pasipoti, na kupata kitambulisho kingine NIRA, mamlaka ya usajili wa watu na vitambulisho, ni shilingi 50,000. Kuna kiapo cha maandishi mbele ya kamishna wa viapo, ambacho bei yake hutegemea mlango wa wakili ulioingia. Kuna kuchapa, kunakili na kuskani, kazi ambazo mimi mwenyewe hulipwa kwazo, na kuna kadi ya chanjo ya homa ya manjano, ambayo wasafiri wengi huihifadhi katikati ya kurasa za pasipoti na hivyo hupotea nayo. Viza iliyokuwa imebandikwa ndani nayo imekwenda, na ubalozi ulioitoa haulazimiki kuitoa tena bila malipo.

Gharama inayowatenganisha raia zaidi ya zote ni nauli. Mkazi wa Ntinda, hukohuko Kampala, anaweza kwenda ofisi ya pasipoti ya Kyambogo kwa bodaboda na kurudi kazini kabla ya chakula cha mchana. Mkazi wa Kasese yuko zaidi ya kilomita 300 kutoka Kampala. Nashukuru kwamba ofisi za kanda zimefunguliwa Mbarara, Mbale na Gulu, maana zamani hata hizo hazikuwepo, lakini kwa mtu atokaye Bwera au Mpondwe safari ya Mbarara bado inakula siku nzima, kwenda na kurudi, na akifika akaambiwa kuna karatasi moja haipo, siku hiyo imepotea na ile itakayofuata ina nauli yake. Ndiyo maana nasema kwamba mtu wa mbali anapokosa maelezo kamili mapema, kukosa huko ni gharama anayoilipa kwa fedha taslimu.

Hatua ya kwanza kwa aliyepoteza ni polisi, na hapa sina ugomvi na utaratibu. Tukio huandikwa katika kitabu cha kituo, mhusika akapewa namba ile tuiitayo SD, kisha taarifa ya polisi itakayoambatanishwa na maombi yake. Jambo hili lina uzito kuliko watu wanavyodhani. Pasipoti ni mali ya serikali hata kama jina lililoandikwa ndani ni lako, na ikiangukia mikono mibaya mtu mwingine anaweza kujaribu kuvuka mpaka kwa jina hilo. Ndiyo sababu Interpol, shirika la polisi la kimataifa lenye makao yake Lyon, Ufaransa, linatunza tangu 2002 hazina ya kumbukumbu za hati za kusafiria zilizoibiwa au kupotea, ambayo maofisa wa mipaka wa nchi wanachama wanaweza kuiangalia wanapokagua wasafiri. Namba ya pasipoti ikishaingizwa humo, pasipoti hiyo imekufa, na haifufuki hata mwenyewe akiiona wiki ijayo chini ya godoro. Wapo wanaoripoti, kisha wakaiona, wakafurahi, wakafunga safari nayo, wakaja kuzuiwa ugenini mbele ya watu kama wahalifu. Na wapo wanaokosea kinyume chake, wakakaa miezi bila kuripoti kwa matumaini kwamba mwizi ataitupa mahali na msamaria ataiokota. Wote wawili wangeokolewa na ukurasa mmoja wa maelezo uliobandikwa kila kituo cha polisi.

Baada ya polisi ndipo mambo yanapokuwa mazito bila sababu ninayoweza kuielewa. Uganda ilizindua pasipoti ya kielektroniki ya Afrika Mashariki Desemba 2018, na ilipofika Aprili 2022 zile za zamani ziliacha kutumika. Maana yake ni kwamba kila Mganda mwenye pasipoti halali ya kawaida leo amekwisha kupita mbele ya kamera na mashine ya alama za vidole, na taarifa zake ziko katika mfumo wa Kurugenzi ya Uraia na Udhibiti wa Uhamiaji. NIRA nayo inazo zake chini ya NIN yake, yaani namba yake ya utambulisho wa taifa. Sasa kwa nini mama wa miaka 60, aliyeibiwa pasipoti akiwa njiani kutoka hija, aulizwe tena majina ya wazazi wake na mahali walikozaliwa, na aanze kutafuta vyeti ambavyo serikali ilikwisha kuvisoma na kuvikubali? Mfumo unaofunguka kwa NIN au kwa namba ya pasipoti iliyopotea ungemwonyesha ofisa picha na taarifa zote za mama huyu. Angeweka kidole kwenye mashine, mashine ikasema ni yeye au si yeye, na mazungumzo yaliyobaki yangehusu kupotea kwenyewe: wapi, lini, katika hali gani.

Najua jibu litakalotolewa, na si jibu la kupuuzwa. Maofisa wanahofia watu wanaouza pasipoti zao kwa wasafirishaji wa binadamu kisha wakaja kudai zimepotea. Hofu hiyo ni ya haki, na nchi iliyo jirani na vita vya Kongo na Sudan Kusini haiwezi kuichukulia kwa wepesi. Lakini muuza pasipoti hazuiwi na barua ya mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji, wala na nakala ya cheti cha kuzaliwa, kwa kuwa vyote hivyo anavyo. Kinachoweza kumkamata ni historia yake katika mfumo, yaani amepoteza mara ngapi, kila mara alikuwa wapi, na ile iliyopotea ilijaribiwa mpaka upi. Aliyepoteza mara ya tatu ahojiwe kwa ukali wote unaostahili, na anayepoteza mara ya kwanza akiwa na taarifa ya polisi mkononi ahudumiwe kama raia aliyepatwa na msiba.

Msiba wenyewe hauna sura moja, na hili sisi watu wa Kasese tunalijua vizuri. Mto Nyamwamba ulipofurika Mei 2013, na tena Mei 2020, ulichukua nyumba pamoja na kila kilichokuwa ndani yake, karatasi zikiwemo. Aliyesombewa nyumba na mto hawezi kuwekwa fungu moja na aliyeisahau pasipoti baa. Ningependa kuona maafa kama mafuriko, maporomoko ya ardhi na moto yakitambuliwa kwa barua ya mamlaka ya wilaya, na waathirika wakapunguziwa ada au kusamehewa kabisa kwa muda uliowekwa wazi.

Kuna kundi jingine linaloniumiza zaidi, nalo ni la mabinti wetu wanaofanya kazi za ndani katika nchi za Ghuba. Wengi wao pasipoti hazikupotea hata siku moja. Zimefungiwa kabatini kwa mwajiri, na binti anapokimbia mateso hukimbia bila pasipoti. Akifika ubalozini hupewa hati ya dharura ya kumrudisha nyumbani. Akitaka kusafiri tena baadaye, anahesabiwa kama aliyepoteza, analipa tena, na anaapa mbele ya kamishna wa viapo kwamba amepoteza kitu ambacho anajua fika kiko katika nyumba gani na mtaa gani. Serikali inayoruhusu kampuni za uwakala kuwapeleka vijana huko iweke katika fomu sababu inayoitwa pasipoti kuzuiliwa na mwajiri, na gharama ya mpya idaiwe kwa wakala aliyempeleka, kwa sababu binti huyo hakuwa mzembe.

Wapo watakaosema kwamba asiyekuwa na pasipoti ana kitambulisho cha taifa, na kwamba tangu 2014 raia wa Uganda, Kenya na Rwanda wanaruhusiwa kuvuka kwa kitambulisho kwenda nchi hizo mbili nyingine. Ni kweli, na mfanyabiashara wa Busia, mpakani na Kenya, amepata nafuu kubwa. Lakini makubaliano yale hayafiki Tanzania, ambako wengi wetu hufuata mizigo bandarini Dar es Salaam, wala hayafiki Kongo, ambayo ndiyo soko letu hapa Mpondwe ingawa nayo iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022. Mfanyabiashara wa kwetu akipoteza pasipoti, duka lake ndilo linalosimama.

Utaratibu usioandikwa mahali pa wazi una wenyewe wanaonufaika nao, nao ni madalali. Huwakuta watu wamechanganyikiwa, huwaahidi njia ya mkato, huchukua fedha mkononi na kuzima simu. Wateja wangu nawaambia kila siku: malipo halali hufanywa kwa PRN, yaani namba ya malipo, ambayo mfumo huitoa baada ya kujaza maombi, na hulipwa benki au kwa simu kwenda kwa URA, mamlaka ya mapato. Anayekuambia umpe fedha mkononi akulipie hakutumwa na serikali. Nawaambia pia wapige picha ukurasa wenye jina na namba ya pasipoti na kuihifadhi mbali na pasipoti yenyewe, kwa sababu aliye na namba hiyo huripoti kwa uhakika, na asiyenayo huanza kubahatisha akiwa mbele ya meza ya polisi.

Katiba yetu, ibara ya 29, inampa kila Mganda haki ya kuwa na pasipoti au hati nyingine ya kusafiria, na ibara ya 42 inamhakikishia kutendewa kwa haki na usawa anapofika mbele ya ofisa wa utawala. Sidhani kama waliotunga ibara hizo walikusudia haki hiyo iwe nyepesi kwa anayeishi karibu na Kyambogo na nzito kwa anayeishi chini ya Rwenzori.

Kwa hiyo naiomba Kurugenzi ifungue njia ya pekee kwa waliopoteza, inayoanza na NIN na alama za vidole, na iruhusu hatua hiyo ifanyike katika ofisi yoyote ya kanda bila mtu kutumwa Kampala kumalizia. Naomba pia jumla ya gharama na orodha ya karatasi zinazohitajika zichapishwe kwa maandishi makubwa na kubandikwa katika vituo vya polisi na makao makuu ya wilaya, kwa lugha za wenyeji na kwa Kiswahili pia, ambacho Katiba ilikitambua mwaka 2005 kuwa lugha rasmi ya pili. Hapa mpakani ndicho tunachoongea na jirani zetu kila siku ya soko, na wengi wanaofika dukani kwangu wangeweza kujisomea wenyewe kabla ya kupanda basi la Mbarara.

Msomaji wenu,
Kasese