Luo Union, klabu iliyozikwa mara mbili

Makadara, Nairobi

Kwako rafiki yangu mpendwa,

Salamu nyingi ziwafikie wewe na wote hapo Mombasa. Barua yako niliipokea, nikafurahi kusikia kwamba mzee amepata nafuu na ameanza tena kwenda barazani. Sisi huku tu wazima. Kilichonifanya nishike kalamu upesi kuliko kawaida yangu ni ile sentensi moja uliyoipenyeza mwishoni, kwamba klabu ya kandanda ya Luo Union “ndiyo hiyo hiyo Gor Mahia, ila jina tu limebadilika.” Hapo, ndugu yangu, umeteleza, nami niliyelelewa na baba mdogo aliyeipenda Union kuliko chakula siwezi kunyamaza.

Kabla ya kuwa na timu, Luo Union ilikuwa chama cha kusaidiana cha Waluo waliotoka kwao kuja kutafuta kazi katika miji ya Afrika Mashariki, na Jaramogi Oginga Odinga mwenyewe alipata kukiongoza akiwa na cheo cha Ker. Mtu alipofariki mjini, wanachama ndio waliochanga ili maiti isafirishwe nyumbani. Timu ya kandanda ilikua ndani ya udugu huo, kama Waluhya nao walivyokuwa na yao, Abaluhya, na wachezaji wake walikuwa wa ridhaa, watu wenye ajira zao waliofanya mazoezi jioni baada ya kutoka kazini. Baba mdogo alikuwa mfanyakazi wa reli akikaa Makongeni, na siku ya mechi alikwenda kwa miguu mpaka uwanja wa Jogoo Road, ambao baadaye ulijulikana kama City Stadium na mwaka 2019 ukapewa jina la Joe Kadenge. Kadenge alikuwa nyota wa Abaluhya, watani wa Union. Nashukuru kwamba baba mdogo alitangulia kabla ya kuiona siku hiyo.

Ligi ya taifa ilipoanza mwaka 1963, ubingwa ulikwenda kwa Nakuru All Stars. Mwaka 1964 ukachukuliwa na Luo Union, na mwaka 1965 na Feisal ya huko kwenu Mombasa, habari ambayo wewe unaijua kuliko mimi. Kisha Abaluhya wakautwaa miaka miwili mfululizo, 1966 na 1967, na hapo ndipo Waluo wa Nairobi walipoona kwamba kugawanya nguvu kati ya Luo Union na timu yao nyingine, Luo Stars, ni kuwapa watani wao ushindi wa bure. Mwezi wa Februari 1968 timu hizo mbili ziliunganishwa zikawa Gor Mahia, jina la mganga anayesimuliwa sana katika hadithi za Kiluo, na mwaka huo huo mtoto mchanga akawa bingwa wa Kenya.

Wengi huifunga hadithi hapo, nawe ukiwa mmoja wao. Lakini Union ilifufuka. Katika miaka ya sabini ilisimama tena kwa jina lake la zamani, ikacheza ligi moja na Gor Mahia, na ukitaka ushahidi tazama tu orodha ya mabingwa: mwaka 1974 ni Gor Mahia, 1975 ni Luo Union, 1976 ni Gor Mahia tena. Nieleze basi, mtu anawezaje kujinyang’anya kombe mwenyewe na kisha kujirudishia?

Tena Union hiyo ya pili ndiyo iliyofika mbali zaidi. Kombe la klabu bingwa za Afrika Mashariki na Kati lilipoanzishwa rasmi mwaka 1974, Simba walilichukua, na mwaka uliofuata Yanga wakalichukua, hata ikaonekana kwamba limekwisha kuwa mali ya Watanzania. Mwaka 1976 Luo Union walikwenda Kampala, wakawashinda Yanga hao hao katika fainali, wakarudi nalo Nairobi. Mwaka 1977 wakalitetea kule Dar es Salaam mbele ya Horsed ya Somalia. Baba mdogo alipofika kwenye kisa cha Kampala alikuwa akiweka kikombe chake cha chai chini, na sisi watoto tulijua kwamba chai hiyo itapoa.

Kilichoizika mara ya pili hakikutokea uwanjani. Mwaka 1980 serikali ya Rais Moi iliagiza vyama vya kikabila vivunjwe na klabu ziache majina ya makabila. Abaluhya wakawa AFC Leopards, wakabaki na mashabiki wao wote. Gor Mahia walikwisha kujikita katika mioyo ya watu. Luo Union wakawa Re-Union, jina ambalo kwa maoni yangu halikumridhisha mtu yeyote: waliolitunga walihifadhi nusu ya jina la kale, lakini chama kilichoibeba timu hiyo mabegani hakikuwapo tena. Sisemi kwamba agizo lile halikuwa na sababu, maana ukabila viwanjani ulikuwa ukiwaumiza watu. Nasema tu kwamba klabu yenye mshindani aliyeimezea mashabiki wake ilikuwa dhaifu kuliko nyingine kulipokea pigo hilo. Re-Union iliendelea kucheza, ikashuka, na taratibu ikaacha kutajwa. Baba mdogo hakulitamka jina hilo hata siku moja. Alisema “Union” tu, na aliyetaka kuelewa alielewa.

Sasa nina ombi. Feisal yenu nayo haipo tena, na wazee walioishuhudia wanazidi kupungua. Mzee akipata nguvu, tafadhali muulize kama aliwahi kuwaona Feisal wakicheza na Luo Union, na kama anakumbuka nani alifunga. Niandikie hata kama jibu lake litakuwa fupi.

Ni mimi rafiki yako wa siku zote,
Wa Makadara