Waya wa breki haufungwi kwenye bodi

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wako niseme na mafundi umeme wa magari wa Mtwara na Lindi, pamoja na wenye magari wenzangu tunaowapelekea kazi. Habari yenyewe ni kifaa cha kushika mwendo, kile ambacho vijana wanakiita kruzi. Ukikiwasha na kukipa mwendo, tuseme kilometa 80 kwa saa, gari linatembea 80 mguu wako ukiwa umepumzika. Magari mengi tunayonunua ya mtumba kutoka Japani yanakuja bila kitu hicho, na sasa watu wameanza kukifunga wenyewe. Mimi ni mmoja wao. Corolla 110 yangu imefungwa kruzi mara mbili. Mara ya kwanza ilifungwa vibaya, na kabla haijafungwa vizuri nusura nimgonge mtu.

Huenda msomaji akajiuliza mama wa miaka 63 anahangaika na kruzi ya nini. Mjukuu wangu amezaliwa na tatizo la moyo, na kila baada ya miezi mitatu nampeleka kliniki Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete, Dar es Salaam. Kutoka kwangu Mikindani mpaka Upanga ni kama kilometa 560. Tulijaribu basi, mtoto hakuliweza. Nami kifundo cha mguu wangu wa kulia kilivunjika mwaka 2016 nilipoteleza kwenye ngazi, kikaungwa kwa chuma. Kukanyaga na kuachia hakuniumizi. Kinachonitesa ni mguu kukaa palepale, haukanyagi moja kwa moja wala hauachii, kwa muda wa saa nane au tisa. Tukifika Nangurukuru kifundo kinawaka moto, tukifika Kibiti sikisikii tena. Na mguu usiosikia haupimi mafuta: gari linakwenda 70, mara 90, mara linashuka tena. Safari moja nilipigwa tochi mara mbili, faini 30,000 kila mara. Sikubishana na askari, kwa sababu kibao cha 50 nilikiona, na mshale wangu ulikuwa umepita 60. Wakati huohuo mtoto kiti cha nyuma anatapikia mfuko.

Kutapika kwake ndiko kulikonikumbusha kruzi. Nimefundisha Fizikia sekondari miaka 31, na nilizoea kuwasimulia wanafunzi habari za Ralph Teetor, mhandisi wa Marekani aliyepofuka akiwa na umri wa miaka mitano. Mwaka 1950 alipewa hataza, yaani haki ya mvumbuzi, ya kifaa cha kushika mwendo, na kampuni ya Chrysler ikakitoa kwenye magari yake ya mwaka 1958. Inasimuliwa kwamba wazo lilimjia akiwa abiria kwenye gari la wakili wake, ambaye akiongea alipunguza mwendo, akinyamaza kusikiliza aliongeza. Teetor haoni barabara, haoni mshale, lakini mwili wake unamwambia kwamba dereva hatulii. Nikamtazama mjukuu wangu kwenye kioo, amefumba macho, shingo inakwenda mbele na nyuma kwa kufuata mguu wangu mbovu, nikasema kifaa hiki tunakihitaji.

Nilikinunua kwenye maduka ya spea ya Gerezani, Dar es Salaam, kwa shilingi 380,000. Ndani ya boksi mlikuwa na mota ndogo yenye waya wa chuma wa kuvuta mkono wa troto (mlango wa kuingizia hewa kwenye injini, ule unaofunguka ukikanyaga mafuta), kijisanduku cha umeme, swichi ya kufunga karibu na usukani, sumaku mbili za kufunga kwenye shafti ya tairi la mbele na kihisi cha kuzihesabu zinapozunguka, fungu la nyaya za rangi, na kitabu cha maelezo cha Kiingereza. Fundi niliyempelekea alifanya kazi kutwa nzima kwa bidii, sina neno na bidii yake. Kitabu hakikutoka kwenye mfuko wake wa plastiki. Jioni kila kitu kilikuwa kimefungwa lakini kruzi haishiki. Akahangaika nayo mpaka adhana ya Magharibi, kisha akaja anatabasamu: “Mwalimu, imekubali.” Sikumuuliza amefanya nini mpaka ikakubali. Mimi niliyewaambia watoto wa watu kwa miaka 31 kwamba jibu bila njia halina maksi, sikuuliza njia.

Safari iliyofuata tulishapita Mbwemkuru, saa mbili asubuhi, tunaelekea Kiranjeranje, kruzi nimeiweka 80. Mbele yetu baba mmoja akatoka kichakani anasukuma baiskeli yenye magunia matatu ya mkaa, anavuka barabara. Nikakanyaga breki. Gari likapungua kidogo, halafu injini ikaunguruma na kunivuta, kama watu wawili wanaovutana kamba. Nikizidisha breki, nayo inazidisha mafuta. Mjukuu akasema, “Bibi, gari linalia.” Nikasukuma gia kwenye N. Injini ikapiga ukelele ambao sijawahi kuusikia, lakini matairi yalikuwa huru na breki ikashika. Tulisimama hatua nne kutoka kwenye baiskeli. Yule baba aliniangalia, akaniambia, “Pole, mama,” akaendelea kusukuma mkaa wake. Nilizima gari, nikakaa pale mikono inatetemeka, mtoto ananiuliza kama tumefika.

Najua breki nzima zinaishinda injini. Lakini zinaishinda kwa kuchelewa, na kwa mwendo wa 80 gari linakula mita 22 kila sekunde.

Sasa mafundi wangu nisikilizeni, hapa ndipo penye barua yenyewe. Kruzi lazima ijue kwamba umekanyaga breki. Kwenye kifaa changu inajua kwa waya wa zambarau, ambao unaunganishwa na waya unaotoka kwenye swichi ya breki kwenda kwenye taa za nyuma. Ukikanyaga, taa zinawaka, na umeme uleule wa volti 12 unafika kwenye zambarau, kruzi inaachia mafuta papo hapo. Usipokanyaga, zambarau inatakiwa isome hasi, na hasi hiyo inaipata kwa kupitia utambi wa balbu za breki mpaka kwenye bodi, yaani chuma cha gari kilichoungwa na upande hasi wa betri. Kwa hiyo balbu zinafanya kazi mbili, ya kuwaka na ya kuiambia kruzi kwamba njia ya breki ni nzima.

Mwaka mmoja kabla nilikuwa nimetoa balbu za utambi nyuma nikaweka za LED, kwa sababu zinaonekana mbali. Balbu za LED hazipitishi hasi kwa namna ambayo kifaa kinaitaka. Kruzi ikaona kama waya wa breki umekatika, ikakataa kushika. Kifaa kizima kilikuwa kinatimiza wajibu wake, kinasema: sioni breki, siendi. Fundi yeye aliona kifaa kinachokataa. Akatafuta hasi, akaipata kwa njia rahisi: akaukata waya wa zambarau kutoka kwenye swichi ya breki, akaufunga kwa skrubu kwenye bodi chini ya dashibodi. Kruzi ikaona hasi, ikakubali. Na ingeendelea kuiona hasi hiyo hata ningesimama juu ya pedeli ya breki kwa miguu miwili.

Tuliporudi Mtwara nilipata fundi mwingine, binti aliyesoma umeme wa magari VETA. Kabla hajafungua boneti aliniuliza, “Mwalimu, kitabu chake kiko wapi?” Tulikaa kwenye benchi tukakisoma pamoja, yeye ananieleza maneno ya ufundi, mimi namfafanulia Kiingereza. Ukurasa wa breki ulieleza yote niliyoyaandika hapo juu, na ulitaja hata balbu za LED: ukiwa nazo weka rilei (swichi inayowashwa kwa umeme), au rudisha balbu za utambi. Na uliandika kwa herufi nzito kwamba waya ule usifungwe kwenye bodi kwa hali yoyote. Onyo lilikuwa ndani ya gari langu siku zote, kwenye droo ya dashibodi, limefungwa plastiki.

Binti yule alirudisha balbu za utambi za wati 21. Viungo vyote vilivyokuwa vimesokotwa na kuzungushiwa tepu alivifungua, akavichomelea risasi. Sumaku kwenye shafti zilikuwa zimeshikwa kwa mikanda ya plastiki iliyoanza kukatika, akaziweka gundi na kuzifunga kwa waya wa chuma. Mnyororo mdogo unaounganisha mota na mkono wa troto ulikuwa umekazwa mno, akaulegeza kidogo ili mguu ukiachia, troto ijifunge yenyewe mpaka mwisho. Waya wa kuvutia akauhamisha mbali na bomba la moshi, kwa kuwa joto lingeyeyusha ganda lake.

Halafu akakataa kupokea hela kabla hatujajaribu. Tulitoka kwa barabara ya Mnivata, mapema, hakuna watu. Nikaweka 60. Akasema niguse breki kwa gumba la mguu tu, kiasi cha kuwasha taa, nisipunguze gari. Nikagusa, mshale ukaanza kushuka wenyewe. Turudie, akasema. Tulirudia mara kumi, akihesabu kwa sauti. Tukapaki pembeni, akachomoa balbu zote za breki, tukarudi barabarani, nikabonyeza swichi: kruzi ikakataa kushika. Akafurahi kuliko ilipokubali. “Umeona, Mwalimu? Ikikataa hivi inakulinda.” Akazirudisha balbu, nikamlipa 70,000, na nilitamani ningekuwa na zaidi.

Tangu siku hiyo tumekwenda Dar es Salaam mara tano. Mtoto analala kuanzia Mingoyo. Mguu wangu unafika ukiwa mguu. Ila sitaki mtu asome hapa akadhani kruzi inaendesha gari. Kwenye vijiji vya 50 penye watu naizima, mguu unakaa juu ya breki. Mvua ikinyesha naizima, maana tairi likiteleza kwenye maji kifaa hakijui. Somanga, ambako barabara ilikatika Mei 2024 wakati wa Kimbunga Hidaya, naizima mapema kabla sijafika. Penye ng'ombe, kuanzia Kilwa mpaka Rufiji, hivyohivyo. Wapo wanaosema kruzi inamlaza dereva, na wana haki ya kusema. Mimi nasimama Nangurukuru na Ikwiriri, nashuka, natembea, hata kama sijachoka.

Jirani yangu mwenye Toyota Allion ameshaniuliza afunge kama changu. Gari lake halina waya wa mafuta, pedeli inaongea na kontroli boksi (kompyuta ya injini) kwa umeme, kwa hiyo mota ya kuvuta haimhusu. Toyota nyingi za namna hiyo kruzi tayari imo ndani ya kontroli boksi, kinachokosekana ni kijiti cha usukani, nyaya zake, na pengine swichi nyingine ya breki. Lakini kukifunga lazima mfuko wa hewa wa usukani utolewe, na hapo nimemsihi asimpe mtu wa kubahatisha: kichwa cha hasi cha betri kitolewe kwanza, watu wasubiri walau sekunde 90, ndipo soketi za njano za mfuko huo ziguswe. Mfuko ule ukifumuka usoni mwa fundi utamjeruhi.

Wauza spea, mnapotuuzia vifaa hivi tupeni hata karatasi moja ya Kiswahili. Fundi wangu wa kwanza si mtu mbaya. Nilirudi kwake, nikamwonyesha ule ukurasa, akanyamaza muda mrefu, kisha akaniambia kuna gari jingine alilolifanyia vilevile, la mtu wa Masasi. Akapiga simu mbele yangu. Walimu wa VETA Mtwara na Lindi, kazi hii imeshafika mitaani, ifundisheni pamoja na kipimo chake cha breki. Na wanaokagua magari kwa ajili ya stika ya usalama barabarani, mnapofika kwenye taa za breki ongezeni swali moja kwa dereva: gari lako limefungwa kruzi ya kununua? Akisema ndiyo, aonyeshe waya wa breki umeishia wapi.

Ukurasa ule wa kitabu nimeutafsiri kwa Kiswahili, binti fundi amenisaidia majina ya vifaa, na nakala imebandikwa ukutani kwenye gereji zote mbili. Nyingine nimeiambatanisha na barua hii. Nafasi ikiwa ndogo, Mhariri, ni bora uchape huo ukurasa na kuiacha barua yangu.

Mwalimu mstaafu,
Mikindani, Mtwara