Madiwani wanne, na hakuna wa kumshika

Mhariri,

Ile habari yenu ya kuwasifu Waskoti kwa kuwapa wananchi wengi madiwani watatu au wanne badala ya mmoja nimeisoma mpaka mwisho, ingawa chai ilipoa. Nimekuwa msomaji wenu tangu gazeti likiwa la karatasi tu na sijawahi kuwaandikia. Lakini mlipofika pale pa kushauri kwamba na Tanzania tuige, ili mtu akikosa msaada kwa diwani huyu akimbilie kwa yule, nikajua mwandishi wenu hajawahi kuwa na shida ya kumpelekea diwani wa huku.

Mimi naishi huku. Kata yangu iko kaskazini-mashariki mwa Uskoti, nusu mji mdogo, nusu mashamba ya shayiri na ng'ombe. Sitaitaja jina, maana barabara yake bado naihitaji.

Kwanza kuna kosa la kusahihisha. Mliandika kwamba mpiga kura anawawekea alama ya vema wagombea anaowataka. Hapana. Tangu uchaguzi wa 2007 kura ya diwani huku ni ya namba: 1 kwa unayemtaka kuliko wote, 2 kwa anayemfuata, na kuendelea hadi uchoke. Kwenye kata ya viti vinne, anayepata moja ya tano ya kura na moja juu yake amepita. Ziada yake inahamia kwa waliofuata, na anayeshika mkia anatolewa, kura zake nazo zinahama. Mashine ndizo zinazohesabu. Ukiweka vema kwa watu wawili, karatasi yako imeharibika. Mfumo wenyewe sina ugomvi nao mkubwa, isipokuwa majina yanapangwa kwa alfabeti ya majina ya ukoo, na chama kikisimamisha watu wawili, wa B anazoa namba 1 na wa W anabaki kuwashukuru waliojitokeza. Jambo hilo limeonekana uchaguzi baada ya uchaguzi na mpaka leo karatasi ni ile ile.

Sasa nieleze hao madiwani wanne wanavyofanya kazi. Mimi ni mhudumu wa wazee majumbani. Natoka alfajiri, naendesha gari kwenye njia za mashambani kwenda kumwamsha mtu, kumwogesha, kumpa dawa na uji wake wa shayiri. Kwenye moja ya njia hizo kalavati liliziba. Maji yakawa yanakatiza barabara, na baridi ya Januari ilipoingia yakawa kioo. Nikawaandikia madiwani wote wanne barua pepe ile ile, na picha nikaambatanisha. Wa kwanza alinijibu dakika hiyo hiyo, nikafurahi, kumbe ni kompyuta yake inashukuru kwa niaba yake na kuahidi kwamba atanirudia. Kama amenirudia basi amepita njia nyingine. Wa pili alikuwa muungwana, alieleza kwa aya tatu kwamba masuala ya barabara yako kwenye kamati ambayo yeye si mjumbe, na kwamba mwenzake wa chama kingine ndiye mjumbe, kwa hiyo si vizuri aingilie. Huyo mwenzake, ambaye ndiye wa tatu, aliniuliza kwanza kama nina haki ya kupiga kura. Mhariri, soma tena. Mimi nasema kuna barafu mahali basi la shule linapopita, yeye ameangalia jina langu chini ya barua, na swali lililomjia ni hilo. Nilimjibu kwamba kalavati halina orodha ya wapiga kura, na kwamba ndiyo, ninayo haki, na nimeitumia kila uchaguzi tangu nihamie, na safari ijayo nitaitumia kwa furaha ya pekee. Wa nne alikuja. Naam, alikuja kwa miguu yake, amevaa koti la kung'aa la mafundi, na kijana wa kumpiga picha. Akachuchumaa kando ya lile dimbwi, akalinyooshea kidole, akakunja uso kama mtu aliyefiwa. Ile picha tuliletewa milangoni kwenye kipeperushi. Kalavati lilizibuliwa na mkulima jirani kwa trekta lake, Jumapili, bila kuombwa na mtu.

Ndiyo maana nasema wanne si bora kuliko mmoja. Akiwa mmoja, lawama ina pa kulala. Wakiwa wanne, wa vyama vitatu na mgombea binafsi mmoja, kila mmoja anasubiri kusikia mwenzake amesema nini ili apinge, na kikifanyika kitu wote wanne wanakidai.

Hata kata zenyewe, mhariri, msifikirie kata ya Magomeni. Halmashauri ya Highland ina eneo linalokaribia nchi nzima ya Rwanda. Humo kuna kata ya Wester Ross, Strathpeffer na Lochalsh, karibu kilomita za mraba 5,000. Weka Unguja na Pemba pamoja na bado kuna nafasi. Najua mtasema watu ni wachache. Ni wachache kweli, lakini barabara haifupiki kwa sababu watu ni wachache, inarefuka.

Wazee ninaowahudumia wanakumbuka hali nyingine. Kabla ya 1975 nchi hii ilikuwa na mamlaka za mitaa zaidi ya 400, na kimji cha watu elfu chache kilikuwa na baraza lake na meya wao wanayemwita provost, ambaye ungemkuta duka la mikate. Mwaka 1975 wakaunganishwa kwenye mikoa na wilaya, na 1996 wakaunganishwa tena, zikabaki halmashauri 32 kwa watu zaidi ya milioni 5. Halmashauri zetu Tanzania, 184, kila moja kwa wastani ina watu wengi kuliko za huku, sibishi. Lakini chini yake kuna kata, kijiji na kitongoji, na mwenyekiti wa kitongoji unaweza kumgongea usiku, akupende asikupende. Huku chini ya halmashauri kuna mabaraza ya jamii ya kujitolea, yasiyo na fedha ya kuchimba hata mtaro. Hapo ndipo mngesema nani aige nani.

Halafu mkasifu ushindani. Mei 2022 waliojitokeza kupiga kura walikuwa asilimia 44.8. Kata ya Buckie, huko Moray, viti vilikuwa vitatu na waliochukua fomu walikuwa watatu, kwa hiyo kura hazikupigwa kabisa. Sisi tunaijua vizuri hii ya kupita bila kupingwa, ila kwetu mwaka 2019 wapinzani walienguliwa kwa madai ya kukosea fomu. Huku fomu ziko mezani na hakuna anayezitaka. Mnaona ipi ni afadhali? Mwananchi wa Buckie hakuchagua.

Na kwa kuwa nimeshaanza, niwaseme na wenzangu. Raia wa nchi za Jumuiya ya Madola mwenye ruhusa ya kuishi hapa anapiga kura: sisi Watanzania, Wakenya, Waganda, Wanyarwanda. Tangu sheria ya 2020, hata Mkongo na Mrundi mwenye kibali halali cha kuishi anamchagua diwani na mbunge wa Bunge la Uskoti. Kijana wa miaka 16 anachagua. Kwa uchaguzi wa diwani hata kitambulisho cha picha hakidaiwi. Sasa ingia kwenye kundi letu la WhatsApp. Usiku kucha watu wanatukanana kuhusu jimbo ambalo hawajakanyaga miaka kumi, kwenye uchaguzi ambao sheria ya nyumbani haiwaruhusu kupiga kura wakiwa nje ya nchi. Uwaulize diwani wao wa hapa ni nani, wanakutumia kikatuni kinacheka. Basi likiondolewa, ndio hao hao wa kwanza kuuliza "hii serikali gani?" Kaka mmoja aliniambia siasa za hawa Wazungu hazimhusu. Taka zake zinazolewa na nani?

Uchaguzi ujao ni Mei 2027. Kama kweli mnatafuta la kuigwa, mimi nina pendekezo, mlifikishe Dodoma na Edinburgh kwa pamoja. Diwani akipigwa picha akinyooshea kidole shimo, picha hiyo ibandikwe kwenye mlango wa ukumbi wa kata pamoja na tarehe yake, na asipigwe nyingine popote, hata kwenye harusi ya mwanawe, hadi shimo lizibwe. Kata ya madiwani wanne igawanywe njia kwa njia, kalavati kwa kalavati, kila moja na jina la mwenyewe. Na majina kwenye karatasi ya kura yapangwe kwa kutumbukiza mkono kwenye kofia.

Mwandishi wenu naye akitaka kuja kuiona demokrasia hii, karibu sana. Ila aje Januari, ashuke kwenye basi la mwisho, la saa kumi na moja jioni, kisha awaandikie madiwani wangu wote wanne kuomba lifti ya kufika kwangu.

Msomaji wenu,
Kaskazini-mashariki mwa Uskoti