Nani aliuchagua mkondo mkuu?

Rafiki yangu mpendwa,

Salamu nyingi. Natumaini hujambo na kalamu haijapumzika. Sura za riwaya yako ulizonitumia nimezisoma zote, na ile ya mahakama nimeirudia. Serikali uliyoibuni, inayotawala wakati katika mikondo yote, yaani historia zote zinazokwenda sambamba, haijanitoka kichwani: makarani wanaopima kila mkondo, maafisa wanaovuka kwenda kuufunga ule uliopotoka, watu wanaofutika na miji yao bila kujua wamekosa nini. Umeiandika hata nikaiogopa. Lakini kuna jambo linanisumbua, na nisipokuambia mimi, nani atakuambia?

Unasema upo mkondo mkuu, na serikali ipo ili kuulinda. Hakuna anayeuliza ulipataje ukuu huo. Hakimu anauamini, mshtakiwa anauamini, na hata waasi wako wanalalamikia ukali wa sheria tu. Msingi wenyewe hawaugusi. Kwangu mimi, uzito wote wa hadithi uko hapo, nawe umepapita.

Mwaka 1957 Hugh Everett, mwanafizikia wa Marekani, alitoa nadharia ambayo baadaye ilikuja kuitwa ya malimwengu mengi. Kwa hesabu zake, chembe ikipimwa, halichaguliwi tokeo moja na mengine kutupwa. Yote hutokea, kila moja katika tawi lake. Hakuna tawi lenye alama ya kuonyesha kwamba hilo ndilo shina. Aliyemo katika lolote huona lake ndilo la kweli. (Kwa nadharia hiyo pia, mtu hawezi kutoka tawi moja kwenda jingine. Hilo liache, maana maafisa wasipovuka huna hadithi.)

Basi serikali yako ilijuaje? Naona haikujua, iliamua. Maamuzi ya namna hiyo yamo katika historia yetu. Mwaka 1884 wajumbe wa nchi 25 walikutana Washington kuamua mstari wa sifuri wa longitudo, yaani pa kuanzia kuhesabu mashariki na magharibi, upite wapi. Dunia haina upande inapoanzia, kwa hiyo mstari wowote ungefaa. Greenwich ya London ilipata kura 22, nchi moja ikapinga, Ufaransa na Brazili zikajizuia. Kilichoipa Greenwich nguvu ni kwamba meli nyingi tayari zilikuwa zikitumia ramani zenye mstari huo. Ufaransa ilishikilia saa ya Paris hadi 1911. Samoa nayo, mwishoni mwa 2011, ilihamia upande wa pili wa mstari wa tarehe, na Desemba 30 ya mwaka huo haikuwepo huko kabisa. Watu walilala Alhamisi, wakaamka Jumamosi.

Ila hao walibadilisha hesabu tu. Hakuna aliyefutwa kwa sababu ya siku ile. Kwako wewe hesabu imegeuka hukumu ya kifo, na ningependa sana kuona ilivyogeuka. Nahisi ofisi ile ilianza kwa nia njema: mtu alihitaji mahali pa kuanzia kuhesabu, akachagua mkondo aliokuwa akiishi mwenyewe. Vizazi vikapita. Chaguo likawa sheria, sheria ikawa imani, na wa kukumbuka kwamba kuliwahi kuwa na chaguo hakubaki.

Yule karani wa kumbukumbu umempa kazi ya kupanga mafaili tu. Ningekuwa wewe, ningemfungulia daftari la kwanza kabisa la serikali. Akitegemea kukuta ugunduzi, akute kumbukumbu za kikao: waliounga mkono, waliopinga, waliojizuia. Kisha awe mahakamani siku anayohukumiwa yule mama ambaye mwanawe alizaliwa katika mkondo mmoja tu.

Na huyo mama, tafadhali, mwache aseme. Umemkatiza baada ya sentensi mbili ili maafisa waingie. Mimi nilitaka kumsikia akimuuliza hakimu ni kwa kipimo gani mtoto wake hakupaswa kuwepo, na nilitaka kumwona hakimu akitafuta jibu katika vitabu vyake. Hapo hahitajiki afisa hata mmoja.

Ukishaiandika sura hiyo upya nitumie, hata ikiwa rasimu yenye mikwaruzo. Wasalimie wote nyumbani.

Ni mimi rafiki yako,
msomaji wako wa kwanza