Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Mwaka wa Kurudia Kusikiliza

Ndugu wanachama,

Mwaka huu chama hakikuongeza rekodi nyingi za sauti za wasemaji. Kamati iliamua mapema kwamba kabla ya mtu yeyote kwenda tena kurekodi, maandishi ya rekodi tulizo nazo za Kiarabu cha Oman na za Kinubi, lugha ya Wanubi wa Kenya na Uganda, yakaguliwe upya. Uamuzi huo haukuwapendeza wote, hasa waliokuwa wameshapanga safari. Hata hivyo ukaguzi umeonyesha kwamba rekodi tunazo za kutosha. Kasoro yetu ni kwamba mara nyingi tumeandika kile tulichoona msemaji alipaswa kukisema, si alichokisema.

Mfano uliojitokeza sana ni huu. Mwomani akitaka kusema "ameiandika" huweza kutumia ismu fa'il (umbo la kitenzi linalotaja mtendaji, kama "mwandishi") na kiambishi cha mtendwa, na katikati yake kikaingia kipande -inn-: kātbinnuh. Katika fus'ha, yaani Kiarabu sanifu cha vitabuni, kipande hicho hakipo. Waandishi wetu wenye sarufi ya madrasa walikisikia, wakakidhania kigugumizi, wakaandika kātibuhu. Wengine walikiona ni tanwini, ile -n ya mwisho wa nomino, iliyokosewa mahali. Kwa hiyo alama mojawapo bora ya lahaja hizo ilifutwa na mikono yetu wenyewe, na inaudhi zaidi ukikumbuka kwamba Carl Reinhardt alikwisha kuieleza mwaka 1894, katika kitabu chake juu ya lahaja ya kabila la Bani Kharus, kwa maneno aliyoyakusanya kwa Waomani wa hapa Unguja.

Utaratibu mpya ni wa watu wawili. Wa kwanza anaandika rekodi nzima. Wa pili, bila kuyaona maandishi hayo, anaandika dakika 2 katika kila dakika 10. Kisha wanakaa pamoja kwenye ELAN, programu ya kuandika maneno sambamba na sauti, safu moja chini ya nyingine, na kila tofauti inasikilizwa kwa spidi ya kawaida kwanza. Ukianza kwa kupunguza spidi, irabu fupi hurefuka na utaandika ā (a ndefu) pasipo na ā. Wakishindwa kukubaliana, zote mbili hubaki, na alama ya kuuliza. Kazi hii ni ya polepole: dakika 1 ya mazungumzo hula karibu saa 1 ukijumlisha uandishi, tafsiri na ukaguzi. Atakayeomba kazi kwa kuhesabu saa za rekodi peke yake atakuwa anajidanganya, na kamati pia.

Ukaguzi umeonyesha vilevile sikio la Mswahili linasaidia wapi na linapotosha wapi. Kwa th, dh na gh hatuna shida, kwa sababu tunazo katika thamani, dhahabu na ghali; Waomani nao wamezihifadhi, ilhali Cairo dhahab huwa dahab na thalātha huwa talāta. Tunakwama pale ambapo Kiswahili kimeunganisha. Habari ilianza kwa kh, hesabu kwa ḥ (h ya kooni) na hewa kwa h, na sasa zote ni h moja. Sabuni ina ṣ nene kwa asili, yaani inayotamkwa kwa kurudisha ulimi nyuma; salamu ina s nyembamba. Tabibu na tarehe hali kadhalika kwa t. Ain, sauti ya kooni, imepotea kabisa katika asali. Msomi wa tajwidi huzitofautisha vizuri anaposoma msahafu, lakini akisikiliza mazungumzo ya haraka hurudi kwenye sikio la nyumbani.

Kwa herufi nene, dawa ni kusikiliza irabu jirani badala ya konsonanti. Tafkhim, yaani unene huo, huvuta a kuelekea nyuma ya kinywa, na kwenye Praat, programu ya kupima sauti, mstari wa pili wa fomanti (mivumo ya kinywa inayoitofautisha irabu) hushuka kwa mamia ya hezi. Kabla ya kupima, weka kikomo cha fomanti: hezi 5000 kwa msemaji mwanamume, 5500 kwa mwanamke. Vipimo kadhaa vya kundi la Muscat vimebidi kurudiwa kwa sababu kikomo kimoja kilitumika kwa wote.

Orodha ya maneno tunayowauliza wasemaji nayo imefumuliwa. Ile ya zamani ilipima qaf, herufi ya q, kwa Qur'ān, qibla na maneno ya namna hiyo, na matokeo yake kila mji ulionekana una q. Maneno ya dini hushikilia matamshi ya kusomwa. Hata Cairo, ambako qaf ya kila siku imekuwa hamza (mkato wa koo, hapa chini '), Qur'ān hubaki na q yake. Sasa tunaanza na vitu viwili visivyo na heshima yoyote ya kidini, kahawa na mlima, na vinaulizwa pamoja. Qahwa na gabal: uko vijiji vya milimani Oman. Gahwa na yabal: pwani ya Ghuba. 'Ahwa na gabal: Cairo. 'Ahwe, na jabal yenye jim laini kama j ya Kifaransa: Beirut au Damascus. Neno moja halitoshi, maana anayesema gabal anaweza kuwa wa Nizwa au wa Cairo. (Kiswahili chenyewe kina kahawa na jabali, yaani k na j, na hakilingani na yeyote kati ya hao. Mimi naona hilo linaelekeza zaidi kwenye Kiarabu cha kusomwa kuliko kwenye vinywa vya Waomani wa bara, lakini kamati ndogo ya maneno ya mkopo haijakubali, na ina haki.)

Usiulize kwa fus'ha. Ukimwambia mtu "unasemaje dhahabtu (nilikwenda)?", atakujibu kwa fus'ha au kwa kitu cha katikati, kwa adabu tu. Onyesha picha, au mwombe aeleze kazi: falaji (mfereji wa maji) inasafishwaje, halua inapikwaje, tende zinaanikwaje. Dakika 5 za kwanza mtu bado anajichunga. Msizitupe, lakini msizitumie kuamua lolote.

Fomu ya msemaji ndiyo iliyotuaibisha zaidi. Tulikuwa na kisanduku kimoja, "Mwomani". Wengi tuliowarekodi Muscat walizaliwa Unguja au Pemba, au wazazi wao walizaliwa huko, wakaenda Oman baada ya 1964, na wengi zaidi baada ya 1970, Sultani Qaboos aliposhika utawala. Kiswahili ndicho kilichokuwa lugha ya nyumbani, na Kiarabu wamekipata shuleni na kazini Muscat. Ni wasemaji halali, na wanastahili utafiti wao peke yake, lakini huwezi kuwahesabu kama ushahidi wa lahaja ya mji wa Rustaq, Oman, kwa sababu ya nisba tu, yaani jina la ukoo. Fomu mpya inauliza mahali alipozaliwa, alipozaliwa mama yake, umri alipohamia, na lugha anayowasemesha watoto.

Upande wa Kinubi, kazi ya Kibera (Kenya) na Bombo (Uganda) imekwenda vizuri kuliko tulivyotarajia. Asili ya lugha hii ni Kiarabu cha askari wa Sudan waliokuwa katika jimbo la Equatoria chini ya gavana Emin Pasha, ambao Lugard, afisa Mwingereza, aliwachukua kuingia Uganda mwaka 1891. Tumeacha kuiandika kwa herufi za Kiarabu, kwa kuwa zilimshawishi mwandishi kurudisha ain na ḥa ambazo msemaji hana. Tunaandika kwa herufi za Kilatini na kuweka mkazo kila mara. Mkazo hapa si pambo (alama ' hutangulia silabi yenye mkazo): 'akulu ni kula, aku'lu ni kuliwa. Wakati hubebwa na viambishi (ana ni "mimi"): ana 'akulu, nilikula, ana gi-'akulu, ninakula, ana bi-'akulu, nitakula. Mwandishi aliyeacha mkazo amepoteza kauli ya kutendwa nzima, na itabidi sauti zisikilizwe upya.

Kuhusu vifaa: WAV, kilohezi 48, biti 24. Maikrofoni ya kubana nguoni iwe shubiri moja chini ya kidevu, kilele cha sauti kisipite desibeli -12, feni izimwe, na sekunde 30 za ukimya wa chumba zirekodiwe mwanzoni. Ridhaa ya msemaji irekodiwe kwa sauti yake mwenyewe. Ujumbe wa sauti wa WhatsApp hatuupokei tena: hubanwa, masafa ya juu hukatwa, na humo ndimo s, th na f zinamotofautiana.

Diski moja iliharibika mwezi wa masika. Hakuna kilichopotea, kwa sababu nakala zilikuwa 3, kwenye vyombo vya aina 2, na moja nje ya ofisi. Utaratibu huo unabaki.

Hesabu za fedha zimo katika taarifa ya mhazini, mliyokwisha kuipokea. Kamati inaleta mbele yenu azimio moja la kupigiwa kura: rekodi yoyote isiyo na fomu mpya ya msemaji na sahihi ya msikilizaji wa pili isiingizwe kwenye hazina ya chama, ikiwa ni pamoja na zile za wajumbe wa kamati yenyewe.